Mshiriki Namba 4

Mjomba wangu aliisoma fomu ya ridhaa kwa muda mrefu kuliko mtu mwingine yeyote niliyempa. Alikuwa amekaa juu ya mtumbwi uliopinduliwa ufukweni Lundo, miwani yake ya kusomea imefungwa uzi upande mmoja, nami nimesimama juani kama mwanafunzi anayesubiri daftari lake lisahihishwe. Alipofika karibu na mwisho akanyanyua kichwa.

"Hapa umeandika jina langu halitatajwa."

"Ndiyo, mjomba. Ndio utaratibu. Ni kwa ajili ya kukulinda."

"Kwa hiyo nitaitwaje?"

Nikamweleza. Kila mtunzi ninayemhoji kwa ajili ya tasnifu yangu hupewa namba kwa kufuata tarehe ya mahojiano, na yeye ni Mshiriki Namba 4. Akaikunja ile fomu mara mbili, akanirudishia bila kutia sahihi.

"Mpwa wangu, miaka minane nimeitwa kwa namba. Ule wimbo niliutunga nikiwa namba. Leo umepanda basi kutoka Dar es Salaam uje unipe nyingine?"

Ni zaidi ya mwaka sasa, na sijapata jibu la kumpa. Sura ya nne ya tasnifu yangu imekwama hapo hapo.

Niseme mapema alifanya nini, maana Lundo kila mtu anajua, na msomaji asiyejua atakuwa anasoma habari nyingine. Mjomba aliua mtu. Ulikuwa ugomvi wa kilabuni: pombe, deni la nyavu, ngumi, halafu kipande cha kasia. Mahakama iliona kwamba hakukusudia, ikampa miaka kumi na miwili. Alitumikia minane, theluthi iliyobaki ilipunguzwa kwa mwenendo mzuri, kama sheria inavyoruhusu. Marehemu alikuwa mtu wa ufukwe huu huu, nyavu zao zilianikwa kwenye mchanga mmoja. Dada yake marehemu bado anaanika usipa hatua chache kutoka pale mtumbwi wa mjomba unapolala, na asubuhi nyingi hao wawili huonana kabla hawajaona mtu mwingine.

Kifungo alikitumikia kwenye gereza la kilimo, mbali na ziwa. Huko ndiko alikoutunga wimbo.

Kwa wasiotoka kwetu: mganda ni ngoma ya wanaume wa mwambao wa Nyasa na wa milima ya Umatengo, wanawake wana kioda yao. (Ndiyo, mimi ni mwanamke na ninaandika juu ya mganda. Wazee wa Lundo wamekwisha kunitania vya kutosha.) Wachezaji hujipanga mistari kama askari wa gwaride, nguo nyeupe, ngoma kubwa inapigwa, na vibuyu vyenye utando mwembamba vinanguruma mdomoni badala ya tarumbeta. Gwaride hilo halikutokea kwa bahati. Ngoma za namna hii, kama beni ya pwani, zilienea katika miaka ya Vita Kuu ya Kwanza na baada yake, watu walipoyatazama majeshi ya wakoloni, wakachukua mwendo wao na vyeo vyao, wakavifanya mchezo. Ng'ambo, Malawi, ndugu yake mganda huitwa malipenga. Kundi huwa na mtunzi wake, na kijiji kikienda kushindana na kijiji, wimbo mpya ndio silaha.

Askari mmoja wa gereza lile alikuwa kijana wa Umatengo. Alimsikia mjomba akiunong'ona mdundo wa mganda shambani, katikati ya matuta, akamwambia anakosea. Ndivyo ulivyoanza. Maneno yalikuwa ya mjomba, sauti ya pili ikawa ya askari, na mdundo ukapatikana kwa kubishana. Wakapatikana wafungwa wengine wa kusimama mstari, wakawa wanacheza siku za sikukuu mbele ya wageni. Wimbo unasimulia jembe linaloujua mstari wake lakini halimjui mwenye shamba. Maneno yenyewe sitayaandika hapa. Sina ruhusa, na ruhusa ndiyo hasa ninayoizungumzia.

Mfungwa mmoja aliyemaliza muda wake alipita Lundo na wimbo ule kichwani. Kwa hiyo wimbo ulitoka gerezani miaka mitatu kabla ya mtunzi wake. Mjomba aliposhuka kwenye basi, alikuta kundi la kijiji limekwisha kushinda nao mara mbili. Hakuna aliyemwambia lolote. Wote walijua ni wake, na wote walikuwa wamekubaliana, bila kikao, kwamba hilo halisemwi.

Fomu yangu nayo ina ukoo wake, nami nimejilazimisha kuujua ili nisiitukane bure. Katika jiji la Philadelphia, Marekani, kuanzia 1951 hadi 1974, wafungwa wa gereza la Holmesburg walipakwa ngozini kemikali na dawa za majaribio na daktari aliyeitwa Albert Kligman, kwa malipo ya vijisenti. Walikubali. Walitia sahihi. Lakini mtu ambaye hana njia nyingine ya kupata hata hela ya sabuni anakubali nini hasa? Mambo kama hayo yalipofichuka, zikaandikwa kanuni. Ripoti ya Belmont ya 1979, ambayo wanafunzi wa utafiti hukaririshwa, inawataja wafungwa waziwazi kama mfano mgumu: ukiwanyima nafasi ya kushiriki umewadhulumu, na ukiwapa, pengine umewashawishi kwa kile walichonyang'anywa. Kutoka huko kanuni zimesafiri mpaka kwenye kompyuta yangu, zikafika Lundo zikiwa kisanduku cha kuweka alama ya vema.

Sibishani na Belmont. Ninachobisha ni kwamba kanuni zilizoshonwa kwa ajili ya ngozi zimevalishwa wimbo. Mtu aliyechomwa ngozi anaweza kutaka asijulikane. Mtu aliyetunga wimbo wa mganda ametunga ili asikike, tena ashinde.

Nilimwuliza mjomba kama kule ndani angeweza kukataa kuimba. Nilikuwa nimejiandaa kusikia kwamba asingeweza. Aya yangu kuhusu ridhaa ya mfungwa ilikuwa tayari imeandikwa, ilikuwa inasubiri nukuu tu. Akacheka.

"Kukataa kuimba ningeweza. Kukataa kulima nisingeweza. Ndiyo maana niliimba."

Aya ile niliifuta usiku uleule. Nilikuwa nimefikiri uhuru mdogo wa mfungwa unaitia doa kila ndiyo yake, nikasahau kwamba palipobaki jambo moja tu mtu anaweza kulikataa, kulikubali kwake kuna uzito ambao mimi sijawahi kuupata katika mambo yangu yote ninayochagua kutwa nzima. Lakini mjomba si mtu wa kumwachia mwenzake ushindi rahisi. Kesho yake, tukitengeneza wavu, akaongeza bila kuulizwa kwamba wana mganda walikuwa wanatolewa shambani mapema siku mbili kwa wiki kwenda mazoezini. "Mgongo nao ulipiga kura," akasema. Kwa hiyo Belmont haikukosea kabisa. Ilikosea kudhani kwamba mgongo na moyo haviwezi kutaka kitu kimoja.

Siku angavu, kutoka ufukweni kwetu, milima ya Malawi huonekana kama mstari wa moshi. Mbele zaidi, kusini, ng'ambo ya mwisho wa ziwa, ndiko uliko mji wa Zomba, na Zomba kuna gereza kuu lililojengwa kwa watu wasiofika mia nne na kujazwa zaidi ya elfu mbili. Mwaka 2013 mtayarishaji wa muziki wa Marekani, Ian Brennan, pamoja na mkewe mpiga picha Marilena Delli, waliingia humo wakarekodi wafungwa na askari wao wakiimba. Ili waruhusiwe, Brennan alifundisha masomo ya kuzuia ukatili. Wanaume walikuwa na bendi na vyombo, chini ya askari. Wanawake walisema wao si watunzi. Kisha mmoja akajitokeza, na baada yake wakaja wengine. Albamu ilitoka 2015 kwa jina la I Have No Everything Here, na ikateuliwa kuwania tuzo ya Grammy. Tuzo ilikwenda kwa Angélique Kidjo, lakini kwa majuma kadhaa dunia ililitamka neno Zomba.

Kilichonishika mimi si uteuzi. Nimeirudia orodha ya nyimbo zile mara nyingi: kila wimbo una jina la mtu. Jina la kwanza na la ukoo. Majina ya askari yamo humo humo katikati ya majina ya wafungwa, kwa herufi za ukubwa mmoja. Nadhani Brennan alifanya sawa, na nadhani pia kwamba ilikuwa rahisi kwake kufanya sawa, kwa kuwa msikilizaji wa California hamjui jirani wa mwimbaji. Jina linalosomwa mbali ni sifa. Likisomwa kijijini kwa mwenye jina, linaamsha kesi.

Bila jina, hata hivyo, mambo huwa hivi. Mwaka 1959 Alan Lomax alirekodi wafungwa wa gereza la Parchman, Mississippi, wakiimba huku wakipasua kuni, shoka zao ndizo ngoma. Mwaka 2000 rekodi hiyo iliwekwa mwanzoni mwa filamu ya O Brother, Where Art Thou?, na santuri ya filamu ikauzwa kwa mamilioni. Kiongozi wa wimbo, James Carter, alitafutwa, akapatikana Chicago akiwa mzee wa miaka 76, akapelekewa hundi ya dola 20,000. Alikuwa hata haukumbuki wimbo wenyewe. Alipatikana kwa sababu Lomax aliandika jina lake. Wale wenzake walioshika shoka waliandikwa kwa neno moja tu, "wafungwa", na hakuna hundi inayoweza kumfikia mtu anayeitwa hivyo.

Na tusijifanye hili ni la ng'ambo. Nenda Sabasaba, ingia banda la Magereza, utaona viti na makabati ya mbao ambayo watu huyasifu hadharani kwamba ni imara kuliko ya madukani. Nimekalia viti hivyo katika nyumba za watu ninaowaheshimu. Sijasikia mgeni akiuliza nani alikichonga. Kiti cha mfungwa hatukioni kuwa na swali la maadili, lakini akiimba tunaitisha kamati.

Kuna wafungwa ambao jina ndilo kazi yao yote. Abdilatif Abdalla alifungwa Kenya kuanzia 1969 hadi 1972 kwa sababu ya kijitabu kilichoiuliza nchi inakwenda wapi. Gerezani akaandika mashairi kwa siri kwenye karatasi za chooni, na 1973 yakatoka kama Sauti ya Dhiki, jina lake juu ya jalada. Nani angethubutu kumwita Mshiriki Namba 4? Tunapenda kusoma mifano ya namna hiyo darasani, na mimi pia naipenda, lakini hainisaidii. Yeye alifungwa kwa kusema. Mjomba wangu alifungwa kwa kuua. Wafungwa wengi wako karibu zaidi na mjomba wangu kuliko na Abdilatif, na nadharia ya sanaa ya gerezani inayofaa wasio na hatia peke yao ni nadharia ya watu wachache.

Kesi inayonisumbua zaidi ni ya hapa kwetu. Nguza Viking, Babu Seya, na mwanawe Papii Kocha walihukumiwa kifungo cha maisha mwaka 2004 kwa kosa la kuwabaka watoto wa shule ya msingi. Wao walikana siku zote. Nyimbo zao ziliendelea kupigwa. Tarehe 9 Desemba 2017 Rais Magufuli aliwasamehe, na Machi 2018 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliona kwamba katika baadhi ya mambo haki yao ya kusikilizwa ipasavyo ilivunjwa. Sina uwezo wa kuamua kilichotokea. Ninachokumbuka ni siku ile ya msamaha, jinsi nchi nzima ilivyokuwa na majina mawili mdomoni, na upande wa pili wa kesi hapakuwa na jina hata moja. Ilikuwa lazima iwe hivyo. Watoto wale wanastahili kutotajwa. Lakini ndipo nilipoona kwa mara ya kwanza kwamba kuficha jina na kutaja jina si mizani ya mtu mmoja. Ukimnyanyua huyu, kuna mwingine anayebaki chini, naye pengine hakuulizwa.

Basi nikaenda kumwuliza. Utaratibu wa chuo haukunidai hilo. Kwenye fomu yangu kuna mstari wa mtafiti, wa mshiriki na wa shahidi, na dada wa marehemu hana mstari. Nilimkuta chanjani akigeuza usipa kwa viganja. Nikamwamkia, nikakaa, tukaongea habari za mvua na bei ya usipa Mbinga, kisha nikamwambia nilichokuja nacho. Nilikuwa nimepanga maneno yangu vizuri. Yaliisha haraka.

Aliendelea kugeuza dagaa wale. Akaniambia wimbo anaujua, ni mzuri. Akasema kuna siku yuko jikoni, humtoka mdomoni kabla hajajizuia, na akishtuka anaachia katikati.

"Wakiuimba hapa ni wimbo wa Lundo," akasema. "Nauimba kama mtu wa Lundo. Ukiandika jina lake, mwanangu, umeninyang'anya."

Sikuwa nimefikiri kwamba kuna mtu anaweza kunyang'anywa wimbo kwa kuandikwa mtunzi wake.

Nilipoinuka, akauliza: "Na kaka yangu utamwandika wapi?"

Nimelijaribu swali hilo kwa njia zote ninazozijua. Naweza kuandika majina mawili, la mtunzi na la marehemu. Lakini nani amenipa ruhusa ya marehemu, na je, si nitakuwa nimemgeuza kuwa maelezo ya wimbo wa aliyemuua? Naweza kumtaja yule askari wa Umatengo peke yake, ambaye wimbo ni wake nusu na hajaua mtu. Huo ungekuwa uongo wenye adabu. Naweza kuandika "wimbo wa kundi la Lundo", jambo ambalo si la uongo kabisa, kwa kuwa mganda ni mali ya kundi, na vijana wameubadilisha sehemu mbili kwa miaka yote hii. Msimamizi wangu anaipenda njia hii. Nami ningeipenda kama mjomba asingekuwa amekaa juu ya ule mtumbwi.

Kama nikibanwa, nitasema bado naamini mtunzi atajwe. Aliyefungwa amelipa kwa miaka, na sheria haikumhukumu kupoteza kazi ya kichwa chake. Adhabu hiyo tunaiongeza sisi wenyewe, halafu tunaiita ulinzi. Hapo sijabadilika. Kilichobadilika ni kwamba nilidhani ruhusa ni jambo la watu wawili, mtafiti na mtunzi, na kwamba mtunzi akisema ndiyo, mlango umefunguka. Mjomba alisema ndiyo tangu siku ya kwanza. Anasema ndiyo mpaka leo. Mimi ndiye nisiyeweza kupita.

Nilimweleza mjomba yale niliyoambiwa chanjani. Nilisita kwanza, nikihofia nitaonekana mbea, lakini kunyamaza kungekuwa kumficha jambo ndani ya habari zake mwenyewe. Ilikuwa jioni, wavuvi wa usipa wanawasha taa za kwenda majini. Alisikiliza mpaka mwisho, akatazama upande wa chanja, ambako hapakuwa na mtu tena.

"Anauimba?" akauliza.

"Ndiyo, mjomba. Jikoni, amesema."

"Wote, au mwanzo tu?"

Nikamwambia kwamba akishtuka, humwachia njiani.

Akanyoosha mkono akaomba ile fomu. Nilidhani anataka kalamu, nikampa na kalamu. Kalamu akanirudishia. Fomu akaikunja kwa mikunjo yake ileile ya zamani, akaitia mfuko wa shati, akasukuma mtumbwi. Iko kwake mpaka sasa. Nikipiga simu huniuliza habari za masomo, naye hunipa habari za ziwa, na katika sura ya nne, juu ya maneno ya wimbo, nimeacha nafasi ya mstari mmoja.